Kiberiti cha Baba na Ndege ya Jumanne

Msinipe pole kabla hamjanisikiliza. Tangu nirudi, kila anayeingia uani kwangu anaanza na pole, kisha anamalizia na "Lakini nawe Bi Ashatu, hasira hasara." Hasira hasara naijua tangu mama zenu hawajazaliwa! Kaeni hapo niwaeleze mwenyewe, maana inayosimuliwa huko Dunda siyo. Ati nilimpiga askari wa uwanja wa ndege. Sikumpiga mtu mimi. Nilikalia sanduku langu, basi.

Mambo yenyewe yanaanzia kwa mdogo wangu Kibibi. Mzee Mwinshehe alituzaa wawili tu, mimi mkubwa, yeye akinifuata kwa miaka minne. Kibibi aliolewa Maskati, sasa yapata miaka thelathini. Huko akazaa binti mmoja, Lulu, mume akafa, yeye akabaki huko huko. Basi siku moja mwezi wa Rajabu, nimekaa jikoni nachambua mchele, Lulu akanipigia simu analia. "Mama mkubwa, mama ana saratani ya ulimi. Alhamisi ya wiki ijayo wanamfanyia operesheni. Watautoa karibu wote."

"Watautoa nini?"

"Ulimi, mama mkubwa. Hataweza kusema tena."

Ungo ulinianguka, mchele ukamwagika wote. Kisha nikasikia simu inabadilishwa mkono, na sauti ya Kibibi ikaja, nzito, kama mtu mwenye ubwabwa wa moto mdomoni. "Dada, njoo. Njoo kabla ya Alhamisi. Kuna neno nataka kukwambia kwa ulimi wangu mwenyewe, mimi na wewe tumekaa. Si neno la kwenye simu."

Nikamwambia nakuja hata kwa kuogelea.

Sasa mjue kwamba mimi na Kibibi tulikuwa hatusemezani. Miaka kumi na moja. Idd ikija, "Idd mubarak dada," "Na wewe pia," basi, hadi mwaka mwingine. Na chanzo chake ni kiberiti cha marehemu baba.

Baba alikuwa baharia wa meli, wazee wa hapa wanajua. Alikuwa na kiberiti cha petroli, kile cha shaba, kina pamba ndani na utambi, ubavuni kimechorwa nanga. Alikinunua Bombei. Akirudi safari anakaa barazani, anatia sigara mdomoni, na Kibibi ndiye wa kumwashia. Mwingine haruhusiwi. Kibibi alikuwa na miaka sita, anasugua kile kigurudumu kwa vidole viwili, moto unatoka, baba anacheka. Akamwambia mbele yetu sote, "Nikifa, hiki chako." Mimi sikuwahi kumwashia baba hata sigara moja. Naliona hilo hadi leo.

Baba alipofariki kiberiti kikabaki kwa mama. Mama naye alipofariki, Kibibi akaja kwenye matanga. Siku ya tatu akaniambia, "Dada, mimi sitaki nyumba, sitaki shamba, sitaki dhahabu ya mama. Nipe kiberiti changu." Nikamwambia hapati. Ebo! Mimi ndiye niliyemwogesha mama miaka sita, nikimgeuza kitandani, nikimlisha uji kwa kijiko. Yeye anatuma mafuta ya nywele na picha za Lulu. Halafu aje siku tatu, aondoke na kitu cha baba? Nikamwambia aliyeuacha mji hana cha kurithi mjini. Akaniangalia, akaenda kufunga sanduku lake.

Basi niliposikia habari ya ulimi, kitu cha kwanza nilichokifikiria ni kile kiberiti. Nikasema, wallahi safari hii nakirudisha. Nitamtia mkononi mwenyewe, na hapo tena sina haja ya kuomba radhi kwa maneno mengi.

Lulu akatuma tiketi. Ndege ya Jumanne, saa nne na nusu asubuhi. Akanisisitiza, "Mama mkubwa, usiikose, nyingine ni Ijumaa." Nikamwambia mwanangu, mimi sijawahi kukosa hata gari la Msata, nitaikosa ndege?

Jumatatu nikafunga mzigo. Kashata nikatia, ubuyu nikatia, na kopo langu la tumbaku nikatia. Mwanangu Haidar alikuwa amesimama mlangoni, akaliona. "Mama, madaktari wamesema tumbaku ndiyo iliyomla mama mdogo ulimi. Na wewe unampelekea?"

"Nani kasema nampelekea? Ni yangu. Nitalalaje siku zote hizo bila tambuu? Na tambuu bila tumbaku ni majani ya mbuzi."

"Lakini mama..."

"Bibi yako alitafuna hadi miaka tisini, na ulimi wake tulimzika nao. Hao madaktari wako wanamjua bibi yako?"

Akanyamaza. Haidar ni mtoto mzuri, ila ana tabia ya kunyamaza kwa namna inayoniudhi.

Alipoondoka ndipo nikakitoa kiberiti. Kilikuwa kikavu, miaka yote hiyo kimekaa kwenye kasha la mama. Sasa niambieni ninyi mliokulia hapa. Jirani akikuletea chakula kwenye bakuli, unarudisha bakuli tupu? Hurudishi. Hata kama huna kitu utatia ndimu mbili, utatia chumvi. Kitu cha mtu hakirudi kwao kitupu, ndivyo tulivyolelewa. Na mimi kitu cha Kibibi nilikaa nacho miaka kumi na moja. Nikampelekee kikavu, akisugua kisitoe hata cheche? Mkono mtupu haulambwi. Nikatoka hadi pale wanapoegesha bodaboda, nikamwambia Ibrahimu anitilie petroli kwenye chupa ndogo ya dawa ya kikohozi. Akaniuliza ya nini. Nikamwambia ya kuondoa doa.

Nikakijaza. Niliijaza ile pamba hadi mafuta yakawa yanachuruzika ubavuni, nikafuta, nikasugua mara moja. Kikawaka! Sugua moja tu. Nikakaa kitandani nikalia peke yangu. Kisha nikaongeza tena kidogo, kufidia yaliyoungua, nikakifunga kwenye leso, nikakilaza katikati ya nguo zangu ndani ya sanduku.

Jumanne tukatoka baada ya swala ya alfajiri, Haidar akiendesha gari la jirani yetu Kibwana. Foleni tukaikuta Bunju, tukaikuta Tegeta, tukaikuta kila mahali, na kufika uwanjani ilikuwa saa tatu kasorobo. Mlangoni kuna bango kubwa la picha, kila picha imepigwa mstari mwekundu. Haidar akanisomea moja moja. Fataki. Petroli. Gesi ya kupikia. Viberiti ndani ya mizigo. "Mama, huna kitu katika hivi?"

Nikamjibu, "Mimi nina fataki?"

Msinitazame hivyo. Sikusema uongo. Kiberiti cha baba sikukihesabu humo. Wao wanasema viberiti, mimi mkononi nina amana ya mtu.

Haidar hakuruhusiwa kupita, akabaki nje ya kioo. Sanduku likaingia kwenye ile mashine yao. Likaenda, likasimama, likarudi nyuma, likaenda tena. Kijana mmoja wa ukaguzi akanijia, kifuani ameandikwa Msabaha.

"Shikamoo mama. Sanduku hili ni lako?"

"Marahaba. Langu. Lina nini?"

"Naona kitu cha chuma ndani. Naomba tulifungue."

Tulifungue! Mbele ya wanaume wale wote waliopanga mstari, na nguo zangu za ndani ndizo za juu! Nikamwambia, "Mwanangu, wewe una mama? Mama yako anafunguliwa sanduku sokoni?" Akasema samahani, akaenda kumwita binti mwenzake. Binti akachelewa, alikuwa anampapasa mtu mwingine. Ungeniuliza saa, sikuwa na habari nayo. Nilikuwa nimeshaanza kupandwa na hasira.

Binti akafungua, akapeleka mkono chini, akaitoa leso. Imelowa. Na ile harufu, Yarabi, ikatoka yote kwa mara moja. Mwanamama aliyekuwa nyuma yangu akavuta watoto wake pembeni.

"Mama," akasema Msabaha, taratibu kabisa, "hii ni petroli."

"Ni kiberiti cha baba yangu."

"Kina petroli."

"Sasa ulitaka kiwe na nini, tui la nazi?"

Watu wakacheka. Yeye hakucheka. Akaanza kunieleza, na nitasema kweli, alinieleza kwa adabu. Akasema kiberiti hakiingii kwenye mzigo unaokwenda tumboni mwa ndege, cha namna yoyote ile, maana kikivuja kule chini hakuna wa kuona. Kimoja mtu anaweza kukaa nacho mwilini mwake, mfukoni, kama ni cha gesi ya kawaida, au cha pamba ambacho mafuta yote yamenywea. "Lakini hiki chako, mama, kinachuruzika. Hiki hakipandi kabisa, si juu si chini."

Wakati ananiambia hivyo, kando yetu anapita kijana amevaa kaptula, mkononi ameshika dude la kuvuta, lile la umeme linalotoa moshi wa kunukia embe. Amelishika hivi, wazi, na anapita! Nikauliza, "Na yule je?"

"Yale yanatakiwa yawe mkononi, mama, kwa sababu ya betri. Ila hatalivuta ndani."

"Kwa hiyo moshi wa embe unapita, baba yangu hapiti?"

"Si baba yako mama. Ni petroli."

Nikawaka. Nikamwuliza ni mtoto wa nani, wa wapi, amelelewa na nani. Akasema kwao ni Mlingotini. Mlingotini! Hapo kwa jirani! Nikamwambia, "Wa Mlingotini, na hujui kwamba kitu cha mtu hakirudishwi kitupu?"

"Najua mama. Hata kwetu sahani ya jirani hairudi tupu. Lakini hii ni ndege. Kama ungekileta kikavu, hakina tone wala harufu, tungezungumza lugha nyingine."

"Kikavu! Nimpelekee mdogo wangu kitu kikavu, anakwenda kukatwa ulimi?"

Basi nikamweleza yote. Habari ya saratani, habari ya Alhamisi, habari ya neno analotaka kuniambia. Nilisema kwa sauti, nikitaka mstari mzima usikie wanavyonifanyia. Binti alikuwa ameshalitoa na kopo la tumbaku, ameliweka mezani. Msabaha akaniambia, "Hii kutoka nayo hapa hatukuzuii. Ila kule unakokwenda tumbaku ya kutafuna ni marufuku, wataichukua." Kisha akalitazama lile kopo. Akanitazama mimi. Nilikiona alichokuwa anafikiri, na hapo ndipo alipoliharibu kabisa.

Nikafunga sanduku. Nikakikamata kiberiti changu mkononi, nikakaa juu ya sanduku pale pale mbele ya mashine, miguu nimenyoosha. Nikasema siondoki. Nikasema niitieni mkubwa wenu.

Haidar anagonga kioo kule nje, "Mama! Nipe mimi! Nitakutunzia, nipe!" Msabaha ananiambia, "Mama, mwanao yuko pale, hatua kumi. Mpe kiberiti, upite. Kaunta yako inafungwa saa tatu na nusu." Watu nyuma wananung'unika. Mwanamume mmoja akasema, "Bibi, unatuchelewesha." Nikamgeukia, "Bibi yako yuko kwenu!"

Mnaniuliza kwa nini sikumpa Haidar. Mnaniuliza kila siku. Haya, leo nawajibu. Miaka kumi na moja nilimnyima Kibibi kile kiberiti, na yeye anajua nilimnyima kwa roho mbaya tu, maana mimi hata sigara sivuti. Nikifika pale bila hicho, nimwambie nini? "Nilikuwa nakuletea, ila wamekataa." Ataamini? Mimi ningekuwa yeye nisingeamini. Ningesema huyu bado anakishikilia. Kwa hiyo nilikishika, nikakaa.

Mkubwa wao akaja. Mwanamke mtu mzima, karibu rika langu, miwani shingoni. Nilidhani atanielewa. Akasikiliza, akakitazama kiberiti mkononi mwangu bila kukigusa, akatazama saa ya ukutani. "Dada yangu," akasema, "pole sana kwa mgonjwa. Sheria hii sikuitunga mimi, lakini hata ningekuwa mimi ningeitunga hivi hivi. Ndege ina watu mia na zaidi. Una dakika sita."

Ati dada yangu! Nikamwambia mimi ni dada wa mtu mmoja tu, naye yuko Maskati. Nikamwambia ofisi imempanda kichwani. Nikamwambia asiyefunzwa na mamaye hufunzwa na ulimwengu, na ulimwengu wake unakuja. Dakika sita zote nilimpa yeye.

Kisha nikaona mkono wa saa. Nikainuka. Nikaenda hadi mlangoni nikamtupia Haidar kiberiti, hata sikumtazama usoni, nikarudi nikalikokota sanduku hadi kaunta. Binti wa kaunta alikuwa anakusanya karatasi zake. "Samahani mama, orodha imeshafungwa." Nikamwambia afungue. Akasema haifunguki tena. Nikamwambia ndege ile pale, naiona, haijaondoka. Akasema ndiyo, haijaondoka, lakini imefungwa. Hebu niambieni, hayo ni maneno ya mtu mwenye akili? Nikapiga kelele hadi sauti ikanikauka. Saa nne na nusu ndege ikaondoka, nami bado nasema.

Wakanibadilishia tiketi ya Ijumaa.

Njiani kurudi Haidar aliendesha tu. Mimi nilikuwa nikisema kutoka Mwenge hadi Mapinga. Tulipofika hapa nikamweleza Bi Adila wa nyumba ya pili, nikamweleza Kibwana, nikamweleza muuza maandazi. Wote wakasema nimeonewa. Ila Bi Adila, alipokwisha kunisikiliza, akaniuliza, "Kwani Kibibi alikuomba kiberiti?" Nikamwuliza ameingiliaje hapo. Akasema yeye anauliza tu. Nikamwambia akaulize kwake.

Jumatano, baada ya alasiri, simu ikalia. Lulu. Nikaipokea, na kwenye kioo akatokea Kibibi mwenyewe, yuko kitandani hospitali, amefungwa ushungi mweupe. Amekonda mdogo wangu. Nilikuwa sijamwona uso kwa miaka hiyo yote, na mashavu yalikuwa yameingia ndani.

"Dada," akasema. Ilimchukua muda kulitoa neno lile.

"Kibibi! Ungeyaona yaliyonipata jana, mdogo wangu! Ungewaona wale watu!"

Nikaanza. Nilitaka ajue kwamba sikuchelewa kwa kutaka. Nilitaka ajue kwamba nilikuwa nakuja na kiberiti chake, kimejaa, kinawaka, na kwamba ni wao walionizuia. Nikamweleza foleni ya Tegeta, nikamweleza bango, nikamweleza mashine, nikamweleza nguo zangu za ndani.

"Dada, sikiliza..."

"Ngoja, ngoja nimalize kwanza, hujasikia la yule wa Mlingotini."

Nikamweleza la yule wa Mlingotini. Nikamweleza kijana wa moshi wa embe. Hapo akatabasamu kidogo, nikapata nguvu, nikaendelea.

"Dada, ile siku ya matanga ya mama..."

"Ndiyo nakuja huko huko, Kibibi! Nakuja! Maana kiberiti chenyewe ndicho hicho. Basi mkubwa wao akaja, mwanamke, kavaa miwani, ati dada yangu..."

Akafumba macho. Nilidhani amechoka tu, nikasema niharakishe nifike mwisho. Nilikuwa nimefika kwenye dakika sita nilipoona mkono wa muuguzi unapita mbele ya kioo, na simu ikainuliwa. Lulu akasema, "Mama mkubwa, wanamchukua kwa vipimo. Baada ya hapo hawataki aseme tena hadi kesho."

"Mwambie nitampigia kesho asubuhi. Mwambie lile neno lake silisahau."

"Sawa, mama mkubwa."

Haidar alikuwa amekaa kwenye kiti pale pale chumbani. Akaichukua simu, akaitazama. "Dakika thelathini na nane, mama," akasema. "Umesema dakika thelathini na nane." Akaiweka mezani, akatoka nje. Nilimwita arudi aombe radhi, hakurudi.

Alhamisi saa moja asubuhi nikapiga. Walikuwa wameshamwingiza.

Ijumaa nikasafiri. Begi moja dogo, nguo mbili na msahafu. Tumbaku sikubeba, kiberiti sikubeba. Msabaha alikuwepo, akaniamkia, nikaitikia, begi likapita bila neno. Ilinichukua muda mfupi kuliko kuchemsha chai. Nilikasirika hata kwa hilo, jinsi ilivyokuwa rahisi.

Lulu akanipokea, akanipeleka moja kwa moja. Kibibi alikuwa ameinuliwa kwenye mito, taya limefungwa bandeji nene, mpira umeingia shingoni. Macho ndiyo yaliyokuwa yake. Mapajani pana daftari na kalamu. Tulifundishwa kuandika na mwalimu mmoja, chuoni kwa Kurani, herufi za Kiarabu kwenye ubao, yeye akiandika vizuri kunishinda.

Nikapiga magoti, nikaushika mkono wake, nikaubusu. Sikujua nianzie wapi. Nikasikia mdomo wangu wenyewe unasema, "Kibibi, mdogo wangu, wallahi ungewaona wale watu wa uwanjani..."

Akautoa mkono wake mkononi mwangu. Akachukua kalamu. Aliandika polepole, akanigeuzia daftari nisome.

"Umemaliza?"

Nikamwambia nimemaliza. Nikamwambia, "Nimemaliza, mdogo wangu, sasa sema, nakusikiliza." Nikanyamaza, na mimi mnanijua, nikanyamaza kweli. Kibibi akaifunga kalamu, akaigeuza shingo yake taratibu kwa sababu ya ule mpira, akatazama dirishani.

Nilikaa naye siku ishirini. Aliandika maji. Aliandika baridi. Aliandika mwite Lulu. Lile neno hakuliandika, nami sikuthubutu kumwuliza.